Watoto wanapojenga kijiji ndani ya simu

Bila shaka umekwisha kuliona jambo hili, ama nyumbani kwako ama kwa jirani. Ni jioni na jua limepoa. Watoto wanne wamebanana juu ya mkeka barazani, kila mmoja ameinamia simu, na wawili kati yao wanatazama simu moja. Hawatulii hata kidogo. Mmoja anamwita mwenzake avuke mto, na huyo mwenzake, ambaye goti lake limegusana na goti la anayemwita, anajibu kwamba bado anachimba mawe. Wa tatu analalamika kuwa mlango wake umebomolewa. Wewe uliyerudi kazini na uchovu wako huoni mto, huoni mawe wala huoni mlango. Unachoona ni simu, na unajiuliza kama kifurushi ulichonunua jana bado kina uhai.

Aghalabu mzazi hufanya moja kati ya mambo mawili. Ama huzikusanya simu zile na kuzifungia kabatini, ama huwaacha watoto waendelee kwa kuwa angalau wanaonekana, hawazururi barabarani. Makala haya yanataka kukuonyesha njia ya tatu, nayo inataka jambo moja tu kwanza: ujue wanachokifanya.

Tutalitazama jambo hili kutoka Kibiti na katika delta ya Rufiji. Wasomaji wetu wengi wa Mbagala na Temeke wana ndugu huko, na kila shule zinapofungwa mabasi ya kusini hupakia watoto wanaokwenda kwa bibi na kwa shangazi. Zamani watoto hao walibeba mpira wa makaratasi. Siku hizi wamo wanaobeba simu. Tena ipo sababu nyingine ya kuichagua delta, ambayo msomaji ataiona mbele kidogo.

UWANJA USIO NA MSHINDI

Mchezo wenyewe, unaojulikana zaidi kuliko wenzake wa aina hiyo, unaitwa Minecraft. Ulianzishwa mwaka 2009 na Markus Persson, raia wa Sweden, na kampuni yake ya Mojang iliyoko Stockholm. Mwaka 2011 ukatengenezewa umbo la simu za mkononi. Mwaka 2014 kampuni ya Microsoft ya Marekani iliinunua Mojang kwa dola bilioni 2.5, na kufikia mwaka 2023 nakala zilizouzwa duniani zilikuwa zimepita milioni 300. Basi mtoto wako hakuokota kitu cha kichochoroni. Anacheza mchezo ulionunuliwa kuliko michezo mingine ya aina yake.

Ndani yake mna dunia iliyojengwa kwa vipande vya mraba, mithili ya matofali. Ardhi ni matofali, mti ni matofali, hata mlima ni matofali. Mchezaji huyavunja, huyabeba na kuyapanga upya apendavyo: akajenga kibanda, ghala, daraja au mji mzima. Hakuna bao la ushindi na hakuna kipenga cha mwisho. Watu wa Ulaya huufananisha mchezo wa namna hii na kisanduku cha mchanga ambacho watoto wao hupewa wachezee. Sisi tungeufananisha na tope la ukingoni mwa mto, ambalo kila mtoto wa Rufiji amelifinyanga nyumba, akalifinyanga na ng'ombe, kabla maji hayajajaa.

Zipo namna mbili kuu za kuucheza. Katika ya kwanza, ile ya ubunifu, mtoto hupewa vifaa vyote bila hesabu, na kazi yake ni kujenga tu. Katika ya pili, ile ya kujikimu, hana budi kukata kuni, kulima ngano, kuchimba mawe na kujihifadhi usiku dhidi ya madubwana. Ya kwanza hufunza kubuni. Ya pili hufunza kupanga na kugawana, maana mtu mmoja hawezi kulima, kuchimba na kulinda nyumba kwa wakati mmoja.

Minecraft huuzwa. Lakini upo pia mchezo wa kujenga utolewao bure, Luanti, ambao zamani uliitwa Minetest. Ulianzishwa mwaka 2010 na Perttu Ahola wa Finland, na mtu yeyote anaruhusiwa kuutumia, kuugawa na hata kuurekebisha. Nyumba isiyo na fedha ya kununulia mchezo haina haja ya kuchukua nakala za wizi, ambazo mara nyingine hubeba vidudu vya kuharibu simu.

NAMNA YA KUBISHA HODI

Sasa tuje kwenye jambo linalowakusanya watoto wale mkekani. Mtoto anaweza kujenga peke yake, lakini raha yenyewe ni kuingia katika dunia ya mwenzake. Njia iliyo rahisi haihitaji hata kifurushi, na hapo ndipo wazazi wengi wanapokosea hesabu.

Mtoto mmoja huwa mwenyeji. Huwasha hotspoti ya simu yake, yaani ile njia ya kuwagawia wengine mtandao bila waya, kisha wenzake huziunganisha simu zao kwake. Mwenyeji hufungua dunia yake, akiwa ameruhusu katika mipangilio kwamba wengine waingie. Wenzake hufungua ukurasa wa marafiki katika mchezo, na dunia ile hujitokeza yenyewe. Wakiigusa, wameingia. Sharti ni kwamba simu zote ziwe na toleo moja la mchezo. Nyumba ikiwa na waifai, hotspoti haina haja. Simu zote zikiwa kwenye waifai moja ni kama zimekaa chumba kimoja.

Mwenyeji na azime data ya simu yake kabla ya kuwagawia wenzake. Asipofanya hivyo, simu za wageni zitakunywa kifurushi chake kwa mambo yasiyohusiana na mchezo kabisa. Achaji simu mapema pia, kwa sababu simu ya mwenyeji hula betri kuliko nyingine. Halafu wasitawanyike. Hotspoti haifiki mbali, na kwa maoni yetu hiyo ni heri: inawalazimisha watoto wakae baraza moja, wakionana nyuso.

Ipo njia nyingine, ile ya intaneti. Tangu mwaka 2017 mchezo huo umewaunganisha wenye simu, wenye kompyuta na wenye mitambo ya kuchezea kwenye televisheni, hata mtoto wa Kibiti aweze kuingia katika dunia ya binamu yake aliyeko Muscat au London. Huko hutakiwa akaunti, na rafiki huongezwa kwa jina lake la mchezoni. Zipo tena dunia za kukodi kwa mwezi, ambazo hubaki wazi hata mwenyewe akiwa amelala. Na zipo seva za hadhara, mfano wa soko, ambapo yeyote huingia. Njia hizi hazilingani, na tutazirudia tutakapofika kwenye hatari.

SIMU TATU, WATOTO WANNE

Ili tuelewane, tuchukue mfano. Tuseme nyumba iko Kibiti mjini. Mwenyeji ni kijana wa kidato cha pili. Wako binamu zake wawili waliotoka Mbagala, nao wana simu. Na yuko binamu wa nne, wa umri wa miaka kumi na mmoja, aliyetoka katika kijiji kimoja cha delta. Huyo alipanda mashua kupitia vijito vya mikoko hadi Nyamisati, ndipo akapanda gari hadi barabara kuu na kufika Kibiti. Simu hana.

Siku ya kwanza yeye ni mtazamaji. Anazunguka nyuma ya mabega ya wenzake, akiuliza hiki nini na kile nini, hata anaambiwa anyamaze. Hapo ndipo mtihani wa kwanza wa mchezo ulipo, na ni mtihani wa mwenye nyumba, maana simu haiwezi kuujibu. Mchezo wa kombolela haukuwa na asiye na kifaa, kila mwenye miguu alicheza. Mchezo wa simu huwagawa watoto kwenye walio nacho na wasio nacho, tena mbele ya macho ya shangazi. Mzazi mwenye busara husema neno moja: simu ni tatu na watoto ni wanne, kwa hiyo kila baada ya muda fulani mmoja anampisha mwenzake, na mwenyeji naye hasamehewi.

Mtihani wa pili ni wa madaraka. Katika mchezo huu dunia huishi katika simu ya mwenyeji. Akitoka yeye, wote hutolewa. Simu yake ikizimika, kijiji chote huingia gizani. Wasomaji wa makamo wanakumbuka pantoni ya Ndundu kabla Daraja la Mkapa halijafunguliwa mwaka 2003: ikiharibika pantoni, magari yote ya kusini yalipanga foleni ukingoni mwa Rufiji. Simu ya mwenyeji ndiyo pantoni ya watoto hawa, na mwenye pantoni hushawishika kujiona mfalme. Huanza kusema kwamba asiyefuata amri yake atafungiwa nje.

Mchezo wenyewe umempa mwenyeji madaraka ya kweli. Anaweza kumpa aingiaye cheo cha mgeni, ambaye hutazama tu wala hagusi tofali. Anaweza kumfanya mwanachama, ambaye hujenga na kuvunja. Au anaweza kumkabidhi uendeshaji, aweze hata kubadilisha mambo ya dunia ile. Mtoto wa miaka kumi na minne akijifunza kwamba mgeni asiachwe kuwa mgeni milele, na kwamba uendeshaji haufai kugawiwa ovyo wala kukaliwa peke yake, amejifunza jambo ambalo balozi wa shina hulihangaikia maisha yake yote.

Magomvi yatazuka. Mmoja atavunja ukuta wa mwenzake kwa mzaha, mwingine atachukua almasi ghalani bila kuaga. Usikimbilie kuwa hakimu. Waambie wakae, waandike kwenye daftari kanuni zao nne au tano: nyumba ya mtu haivunjwi bila ruhusa, ghala la wote linaandikiwa kilichotoka, aliyebomoa hujenga upya, na dunia haifutwi pasipo kauli ya wote. Utashangaa jinsi watoto wanavyozishika kanuni walizozitunga wenyewe.

Hiyo ya mwisho ni nzito kuliko unavyodhani. Kuifuta dunia ni kazi ya kugusa mara mbili, na kazi ya siku kumi imepotea. Mtoto atalia, nawe utataka kumwambia kuwa ni mchezo tu. Ngoja kwanza, tutazame mtoto huyo ametoka wapi.

MIKOKO ILIPOINGIA MCHEZONI

Mwezi wa Juni mwaka 2022 watengenezaji wa Minecraft waliongeza katika dunia yao kitu ambacho watoto wa mijini hawakukijua na watoto wa delta hawakuwahi kuishi bila hicho: msitu wa mikoko. Waliweka miti yenye mizizi iliyotokeza juu ya tope. Waliweka tope lenyewe. Waliweka na kimea kinachoning'inia mtini, ambacho mchezaji hukichuma na kukipanda hata chini ya maji.

Rudi barazani. Watoto wa Mbagala wamefika kwenye msitu huo na wamekwama. Wanapanda vimea mahali pakavu, hawajui mizizi ile ni ya kazi gani. Mtoto asiye na simu anacheka. Kwao mkoko haupandwi kama mwembe. Mbegu yake huota ingali juu ya mti mama, ikarefuka kama kisu, kisha ikaanguka na kuchoma tope au ikachukuliwa na maji hadi ikapata mahali. Anawaeleza kwamba katika mchezo upo mti wa namna moja tu, lakini kwao ipo mingi: mkoko, mchu, mkandaa, msinzi, mlilana, mkomafi na msikundazi, na kila mmoja una kazi yake, wa boriti, wa kuni, wa mashua. Mlilana husimama mbele kuikabili bahari. Msikundazi hupenda kule juu, ambako maji ya mto yamezidi ya chumvi.

Asemayo si porojo. Delta ya Rufiji ina takriban hekta 53,000 za mikoko, msitu wa mikoko ulio mkubwa kuliko yote ya mahali pamoja katika Afrika Mashariki. Tangu mwaka 2004, delta hiyo pamoja na maji ya Mafia na Kilwa imo katika orodha ya Ramsar ya ardhi oevu zenye umuhimu kwa dunia nzima. Boriti za huko zilisafirishwa kwa majahazi hadi Uarabuni kwa karne nyingi na kuezekea nyumba za nchi isiyo na miti.

Kisha likaja la tope. Katika mchezo, tope likichanganywa na ngano hugeuka tope gumu, na tope gumu hufanywa matofali. Watoto wa mjini huona ni uchawi wa mchezo. Yule wa delta amemwona babu yake akichanganya udongo na majani makavu kabla ya kukandika ukuta, na anajua sababu: majani huushika udongo usipasuke unapokauka. Ghafla aliyekuwa mtazamaji amekuwa fundi mkuu, na mwenye simu anamwuliza atakacho. Hakuna mahubiri ya mzazi yawezayo kuleta heshima ya namna hiyo kati ya mtoto wa mjini na mtoto wa kijijini.

MAJI YASIYOJAA

Lakini mchezo una upungufu wake, na ni vyema watu wazima waujue, kwani hapo ndipo penye nafasi yao. Maji ya Minecraft hayana adabu za mto Rufiji. Ukiyamwaga kwenye uwanda sawa hutambaa matofali saba kutoka chanzo chake, kisha husimama. Hayapwi, hayajai, hayafuriki. Mtoto anaweza kujenga kijiji chake kando kabisa ya mto na kisimpate chochote hata mwisho wa dahari.

Watu wa Rufiji hawana mto wa namna hiyo. Mto wao huleta rutuba na huleta msiba kwa mkondo ule ule. Baada ya mafuriko ya mwaka 1968, Serikali iliendesha Operesheni Rufiji, ikawahamisha wakazi wa bondeni hadi vijiji vya ujamaa kwenye miinuko. Wengi waliendelea kurudi bondeni kulima mpunga, kwa kuwa chakula kiko kule kwenye matope, na wakalinda mashamba yao wakikaa juu ya madungu, vile vibanda vilivyoinuliwa kwa nguzo, dhidi ya nguruwe, nyani na viboko. Mwezi wa Aprili mwaka 2024, mvua kubwa ziliponyesha, maji yalifunika makazi na mashamba ya Rufiji na Kibiti, na familia nyingi zikalala kambini.

Sasa unaelewa kwa nini tulikuomba ungoje. Mtoto aliyeiona nyumba yao ikizama mwaka 2024, akamaliza likizo yake kwa kujenga nyumba nyingine pamoja na binamu zake hata kama ni ya matofali ya simu, kisha akaiona ikifutwa kwa kidole cha mwenye simu, hakulilia mchezo. Usimwambie ni mchezo tu. Mwambie mwenye simu aombe radhi, na waambie wote waanze upya, safari hii wakiwa wameweka nakala ya dunia yao kwenye simu ya pili.

Na watakapoanza upya, keti nao. Waulize swali moja: kama maji ya mto huu yangepanda kimo cha mtu, nani katika kijiji chenu angepona? Utaona vichwa vinainuka kutoka kwenye simu. Mmoja atasema nyumba ziinuliwe juu ya nguzo kama dungu. Mwingine atasema shule ihamie kilimani na mashamba yabaki chini. Wa tatu atauliza bibi asiyeweza kutembea atabebwa na nani. Hapo ndipo umwite babu kutoka chumbani awaambie mwaka 1968 walipita njia gani. Simu imefanya kazi ambayo redio na vitabu vya shule havikuifanya: imemfanya mtoto aulize habari za kwao.

KIBERA WALISIKILIZWA

Pengine unafikiri tunautia mchezo chumvi. Basi tukupeleke Nairobi. Mwaka 2012 shirika la Umoja wa Mataifa la makazi, UN-Habitat, ambalo makao yake makuu yako katika jiji hilo, lilishirikiana na Mojang kuanzisha mpango uitwao Block by Block. Miongoni mwa maeneo ya kwanza kabisa ulikuwa uwanja wa michezo wa Silanga, huko Kibera. Wakazi walikusanywa mbele ya kompyuta, wakakalishwa makundi makundi, wakafundishwa mchezo, kisha wakajenga ndani yake uwanja wanaoutaka wao.

Sababu ya kutumia mchezo ilikuwa wazi. Ramani za wasanifu zina mistari ambayo raia wa kawaida haielewi, na asiyeielewa hunyamaza mkutanoni. Lakini tofali kila mtu analijua. Kijana au mama aliyekuwa akinyamaza huonyesha kwa kidole kwamba hapa pawe na njia, hapa pawe na taa, hapa watoto wakae mbali na barabara. Mpango huo umekwisha kufika Haiti, Peru, India, Kosovo na nchi nyinginezo.

Wasanifu wa kule hawakushangazwa na uzuri wa majengo ya kwenye kompyuta. Walikuwa wakisikiliza. Watoto wa barazani kwako hawahitaji mpango wa kimataifa ili wasikilizwe. Wanamhitaji baba atakayeketi mkekani robo saa na kuuliza huu ni mji gani na nani anaishi wapi.

MLANGO UWE NA BAWABU

Baada ya sifa, tuseme na madhara, maana hatutaki kulaumiwa kesho.

Hatari kubwa haiko kwenye hotspoti ya nyumbani, ambako kila aliyeingia unamwona kwa macho. Iko kwenye seva za hadhara na katika urafiki wa mtandaoni. Aliyejificha nyuma ya jina la mchezoni anaweza kudai ana miaka kumi na miwili, kumbe ni mtu mzima mwenye nia mbaya. Mfundishe mtoto kwamba jina lake halisi, shule yake, mtaa wake na picha yake havitamkwi huko. Rafiki wa mchezoni awe ni yule anayejulikana kwanza nje ya mchezo. Akiunti ya mtoto mdogo ifunguliwe chini ya ile ya mzazi, ili mzazi aamue nani aongee naye. Na akipata mtu wa kumtisha au kumtaka mambo ya siri, asiogope kusema. Nchini kwetu ipo Simu ya Huduma kwa Mtoto, namba 116, ambayo haitozwi fedha.

La pili ni fedha. Ndani ya michezo hii mna maduka yanayouza mavazi ya wachezaji na dunia zilizokwisha tengenezwa. Usiache akaunti yako ya fedha wala namba yako ya siri katika simu ambayo mtoto anachezea.

La tatu ni muda. Mchezo usio na mwisho hautajimaliza wenyewe, kwa hiyo mwisho uwekwe na watu. Dawa si kupokonya simu ghafla, kwani mwenyeji akipokonywa watoto wote hutolewa na kazi ambayo hawajaiweka sawa huvurugika. Toa taarifa ya dakika kumi, waweke vifaa ghalani, wafunge milango, watoke pamoja. Siku za shule masomo yatangulie, na usiku simu zilale chumbani kwa mzazi. Na mtoto akionekana kucheza peke yake siku nzima, akakataa kutoka na kukataa wenzake, hapo lichunguze. Mchezo uliokuwa wa kujenga ujirani umekuwa pango la kujificha.

KABLA SIMU HAZIJAZIMIKA

Tulisema tangu mwanzo kwamba ipo njia ya tatu. Sasa umeiona, na haina gharama. Usiivunje dunia ya watoto, wala usiiache bila bawabu. Ijue. Waache wakaribishane, lakini barazani na si gizani. Hakikisha asiye na simu hageuki mtumwa wa mwenye simu. Waulize maswali ambayo mchezo hauwezi kuwauliza.

Maji ya mto ule ule uliozamisha nyumba mwaka 2024 leo yanazungusha mitambo 9 katika Bwawa la Julius Nyerere, yenye uwezo wa megawati 2,115, na umeme huo huingia katika gridi ya taifa. Yumkini sehemu yake ndiyo iliyochaji simu zile tatu mkekani. Mto haukubadilika, bali watu waliamua la kuufanyia. Simu nayo ni vivyo hivyo.

Likizo itakwisha. Wawili watarudi Mbagala, na yule mdogo atashuka Nyamisati kungoja maji yajae ili mashua iondoke. Dunia yao itabaki katika simu ya kijana wa Kibiti, na nyumba zake zimeinuliwa juu ya nguzo, mikoko imepandwa mbele yake. Mwambie asiifute. Mwenzake atakuja tena Desemba, na atataka kukuta mlango wake mahali alipouacha.